Miaka Yangu Mdomoni mwa Bi Irmtraud

Nianze na aibu yangu, tuimalize mapema. Mimi ndiye niliyemfanya mjane wa Kijerumani asonye mbele ya jeneza la mumewe.

Haukuwa msonyo wa kistaarabu. Ulikuwa msonyo wa Tanga, mrefu, wenye mate, ule wa kumjulisha muuza samaki kwamba samaki wake wameoza na bei yake imeoza zaidi. Mjane amesimama makaburini na koti jeusi, mchungaji anasoma, theluji inamwangukia mabegani. Anabana midomo na kuivuta ndani kidogo. Nami nimekaa kwenye chumba kisicho na dirisha hapa Toronto, hedfoni masikioni, naona midomo imebanwa na haina neno. Nikasema, hapa pameachwa nafasi. Nikaijaza. Fundi mitambo alikuwa anakula sambusa zangu, hakusikia. Ikapita, ikarushwa hewani, na watu wa nyumbani wakamwona mwanamke akimsonya maiti. Dada yangu alinipigia simu kutoka Tanga kuniuliza huyo marehemu alimfanyia nini mkewe, maana yeye kipindi cha nyuma kilimpita.

Kazi yenyewe inaitwa kuingiza sauti. Watu wanaongea Kijerumani kwenye tamthilia yao, nawe unasema Kiswahili juu yao mpaka mtazamaji aamini yule mzungu amezaliwa Chumbageni. Msiniulize kwa nini tamthilia za Ujerumani ziingizwe Kiswahili Toronto. Niliuliza mimi, nikajibiwa na bosi wetu, Papa Dido, Mkongo wa Bukavu, kwamba kuna chumba, kuna mashine, na kuna Waswahili wengi waliofungiwa ndani na baridi. Nilikuwa na cheti cha kidato cha nne, sauti ya kukemea watoto, na chuki kubwa ya kutoka nje. Nikaajiriwa kwa sifa hizo.

Kwa miaka kumi na tisa nilikuwa sauti ya mwigizaji mmoja, Irmtraud Voskamp. Hammjui. Nahisi hata Wajerumani wengi hawamjui kwa jina, ingawa wakiuona uso wake watasema, aa, huyu. Nyota hakuwahi kuwa. Alikuwa jirani aliyemwona muuaji akipita. Alikuwa nesi mkuu, mwenye nyumba ya wageni milimani, hakimu wa dakika mbili, mama mkwe wa watu mbalimbali. Mdomoni mwangu aliuawa mara nne na kuua mara moja, kwa sumu, ndani ya supu. Jina lake lilinishinda mwezi mzima. Studioni tukamwita Bi Imtraudi, maisha yakaendelea.

Sikuwahi kukutana naye. Lakini ukimsemea mtu muda mrefu unaanza kumwonea haya. Yule mjane pale makaburini alikuwa yeye, akifanya kazi ngumu kuliko zote za mwigizaji, kulia bila kulia, na mimi nikamgeuza mgomvi wa sokoni. Nikajiahidi kwamba kabla sijaweka chini hedfoni zangu nitangoja kimya chake kingine cha namna ile, na safari hiyo nitamtendea haki. Nilingoja sana. Na kilipokuja, nusura nipokonywe.

Lakini nisikimbilie huko. Nyie vijana mna haraka, ndiyo maana mnasikiliza ujumbe wa sauti kwa kasi maradufu, nikiwapa salamu mnanisikia kama kuku.

*

Aliyenifundisha kazi ni Bwana Makame, mzee wa Unguja aliyewahi kuigiza michezo ya redio. Alikuwa mfupi, mnadhifu, na akivua kofia yake ya kufuma kabla ya kurekodi, tena akiikunja mara nne. Siku tamthilia ya msonyo iliporushwa hakunigombeza. Aliniwekea kile kipande tena bila sauti, mara tatu.

"Sakina, mwanangu, unaona nini?"

"Naona amebana midomo."

"Shingo je?"

Nikatazama shingo. Ilikuwa inapanda na kushuka kama mtu anayemeza kitu kisichomezeka.

"Huyu hakusonya," akasema. "Huyu amezuia. Usimtilie maneno mtu alonyamaza, utamvunjia heshima. Basi tena, imeshapita. Lakini ule msonyo ulikuwa mzuri, Subhanallah. Kauweke mahala, utakufaa."

Na ulifaa. Nilikuja kumpa yule mama mkwe wa tamthilia ya shamba la mvinyo, akawa kipenzi cha watazamaji.

Bwana Makame alinifundisha kwamba adui wa Kiswahili kwenye kazi hii ni mwisho wa neno. Mjerumani akimaliza kusema anafunga mdomo kama anayefunga sanduku. Sisi tunamaliza tumeuacha wazi. Kwa hiyo ile sauti ya mwisho unaificha chini ya pumzi, unaiminya, mpaka midomo yake ikifungwa wewe umeshaondoka. Pia utazame midomo inapogusana. Akikataa kwa kusema "nein," midomo yake haikutani kabisa, basi ukimwekea "hapana" umeharibu, kwa sababu katikati ya "hapana" lazima midomo igongane. Unamwekea "la." Ndiyo maana Wajerumani wangu wote walikataa mambo kama masheikh.

Shida kubwa ilikuwa shikamoo. Kijana wa Kijerumani anaingia ofisini kwa daktari mzee, ambaye ni Bi Irmtraud, anasema siku njema, daktari anatikisa kichwa tu, kazi zinaendelea. Kwetu huwezi. Yule kijana lazima aamkie, la sivyo bibi yangu kule Tanga atazima televisheni kwa utovu wa adabu. Na akiamkia, daktari lazima aitikie. Lakini mdomo wa Bi Irmtraud haujafunguka. Unaitikia kwa mdomo upi?

"Mngoje ageuke," Bwana Makame alinifundisha. "Mtu akikupa mgongo, humwoni mdomo. Hapo tia chochote."

Basi nikawa mwindaji wa migongo. Bi Irmtraud akigeuka kuchukua faili, "marahaba." Akiinama kufunga kiatu, "marahaba, mwanangu, karibu." Kuna kipindi aliitikia shikamoo akiwa ndani ya friji.

Mengine niliyajifunza kwa kuumia. Kula tufaha la kijani kabla ya kurekodi, mate yasilie. Funga mto tumboni kwa kanga, kwa sababu tumbo lenye njaa linasikika kuliko wewe, na kanga yenyewe iwe kuukuu, mpya ina wanga na inachakarika kama gazeti. Bangili zote nje. Mimi bangili zangu mbili ni za marehemu mama, zilikuwa hazitoki. Kwa mwaka mzima nilirekodi nimeinua mkono wa kushoto juu kama mwanafunzi anayeomba ruhusa ya kwenda msalani.

*

Tamthilia hazikuja kwa mpangilio. Walituuzia kama mtumba, furushi zima. Jumatatu Bi Irmtraud ana miaka sitini na fimbo, Alhamisi ana ishirini na tano na anabusiwa kwenye boti ya kupiga kasia. Ilinibidi nijifunze kuzeeka na kurudi. Sauti ya ujana inakaa mbele, karibu na meno. Ya uzee inarudi nyuma, inakaa kooni kama mgeni asiyetaka kusumbua. Siku hizi sihitaji kuigiza hiyo ya pili.

Kwa namna hiyo nilimsoma maisha yake bila kuambiwa. Nilijua kovu lake dogo la kidevuni, ambalo katika filamu za mwanzo halipo. Nilijua anatumia mkono wa kushoto. Nilijua kwamba kabla mhusika wake hajadanganya, bega moja linapanda kidogo, na sidhani kama mwenyewe alijua. Kulikuwa na pete aliyoivaa katika kila kazi, hata alipocheza mtawa, aliisahau na hakuna aliyemkumbusha. Halafu kuna tamthilia moja ya polisi, sehemu ya sita ana pete, sehemu ya saba hana. Mhusika wake hakuwa na mume, kwa hiyo hadithi haikubadilika. Lakini kuanzia sehemu ya saba alikuwa anavuta pumzi kabla ya kila sentensi, pumzi fupi, kama mtu anayeshika kitasa cha mlango asioutaka. Nami nikavuta naye. Papa Dido aliniuliza kama nina pumu.

Nikamwambia, "Papa, huyu mama kuna jambo limempata."

"Mama Sakina, minajua. Wameuwa jirani yake."

"Siyo kwenye tamthilia."

Akanitazama kama watu wanavyotazama watu wasiotoka majumbani mwao.

*

Kisha ikaja enzi ya kurekodi nyumbani, na hapo nilifikiri Mungu amenisikia binafsi. Waliniletea maikrofoni na kompyuta, nikafundishwa na binti yangu kwa Kiingereza nami nikimjibu kwa Kiswahili, kama kawaida yetu. Nyumba yangu ni fleti ya vyumba viwili, mtaa wa Agincourt. Nilichagua kabati la nguo la chumbani. Nikatandika mablanketi, nikaning'iniza magauni yote ya harusi za jamaa, nikaingia katikati na kufunga mlango. Sauti ikawa nzuri kuliko studioni. Kwa miaka saba sikupanda basi la barabara ya Finch, lile la kwenda studioni. Msimu wa theluji nilikuwa nausikia kwenye habari tu, kama vita vya nchi nyingine.

Kitu kimoja sikukifikiria: nyuma ya kabati langu kuna ukuta, na upande wa pili wa ukuta kuna kitanda cha Mama Wanjiku.

Mama Wanjiku ni Mkenya wa Nakuru, nesi wa nyumba ya wazee, na wakati huo alikuwa na zamu za usiku. Maana yake mchana analala. Maana yake, wiki ya kwanza, wakati Bi Irmtraud anamwambia muuaji aweke kisu chini, ukuta ulipigwa mara tatu, na muda si mrefu nikasikia hodi mlangoni. Amefunga kichwa kitambaa, ana sufuria mkononi, sijui alikusudia kunipa au kunipiga.

"Mama Sakina, unagombana na nani huko kwa kabati?"

Nikamweleza. Nikamwonyesha kabati, maikrofoni, magauni. Akatazama yote kwa utulivu wa mtu aliyezoea wagonjwa.

"Kwa hivyo huyo mzungu wa kuuawa kila wiki ni wewe."

"Ni mimi."

"Na wanakulipa."

"Kidogo."

"Sawa. Lakini akufe pole pole, mimi niko na shift."

Tukaelewana. Vifo na ugomvi nilivihamishia jioni akiwa anajiandaa kwenda kazini, mchana nikabaki na mazungumzo ya mezani. Sufuria ile ilikuwa na mukimo. Nikairudisha na biriani, ikarudi na chapati, na imekuwa ikisafiri mpaka leo. Tamthilia zenyewe alizitazama kwenye simu akipika, na kila mara aliniambia hajaona maana yake.

*

Sasa ile nafasi niliyoingoja.

Lilikuja furushi jipya na ndani yake kulikuwa na filamu ya mwisho ya Bi Irmtraud. Alikuwa amezeeka kweli, si kwa rangi ya usoni. Anacheza bibi aliyepigwa na kiharusi, amekaa kwenye kiti kando ya dirisha katika nyumba ya wazee, na filamu nzima hasemi neno hata moja. Watu wanaingia, wanazungumza mbele yake, wanatoka. Mwisho anafariki.

Orodha ya sauti ilipotumwa, jina langu halikuwemo.

Nilimpigia Papa Dido. Bwana Makame alikuwa ameshatangulia mbele ya haki, hakukuwa na mwingine wa kunisemea.

"Mama Sakina, uyu mama hasemake kitu. Karatasi yake ni nyeupe."

"Anapumua, Papa."

Mnisikilize hapa, maana ndipo wengi hawajui. Ukiondoa Kijerumani kwenye filamu, huondoi maneno peke yake. Unaondoa kila kilichotoka mdomoni mwa mwigizaji: kikohozi, kuguna, kumeza, pumzi. Usipomrudishia, anabaki picha ya mtu.

"Pumuzi tuko nazo," akasema. "Zako mwenyewe. Za zamani, ziko ndani ya kompyuta. Fundi atazipanga."

Nikakata simu. Nikakaa jikoni na chai yangu. Nje kulikuwa na theluji ya kufika magotini, nayo ndiyo ilinisaidia kujijua. Kwa sababu nilijikuta natafuta viatu.

Sikuwa na viatu vya theluji. Miaka saba. Nikaazima vya Mama Wanjiku, ambavyo ni vikubwa kwangu, nikavaa soksi pea tatu. Nikapanda basi la Finch, nikashuka, nikapanda jingine, mpaka njia panda ya Jane na Finch, kwenye ile studio ya chini ya duka la mazulia. Wanafunzi wa chuo kikuu ndani ya basi walinipisha kiti kabla hata sijakitazama. Nilifika na theluji ndani ya viatu vya watu.

Papa Dido alisimama aliponiona. Hakuamini kwamba nina miguu.

"Niwekee," nikamwambia. "Niwekee hicho fundi alichopanga."

Akaweka. Bi Irmtraud kwenye kiti chake, mikono imelala mapajani, jua la asubuhi usoni. Na kifuani mwake, pumzi zangu za zamani: haa, haa, haa, haa.

Tukatazama kidogo.

"Papa, hizo unazikumbuka?"

"Hapana."

"Hizo ni za ile siku anamkimbiza mbuzi mlimani."

Akajikaza asicheke, akashindwa, akainamia meza. Bibi wa watu anakata roho kwa kasi ya kufukuza mbuzi. Alipomaliza akafuta macho, akanisogezea kiti. Hedfoni zangu za kwanza zilikuwa bado zimetundikwa msumarini. Sikuzivaa. Nilikaa kando yake, nikatazama bega la Bi Irmtraud lilipopanda, nikapanda nalo, liliposhuka nikashuka. Dakika moja hivi. Papa Dido akachukua kalamu. Aliandika jina langu kwenye karatasi nyeupe.

*

Nilirekodi kabatini kwangu. Siku ya kwanza, katikati ya kazi, mlango ulibishwa kwa fujo. Mama Wanjiku, gauni la kulalia, mkononi kile kidude cha kubana kidole kupima hewa mwilini.

"Nimeskia ukihema. Leta kidole."

"Niko kazini."

"Kazi ya kuhema?"

Nikamwonyesha skrini. Alitazama kwa muda mrefu kuliko alivyowahi kutazama kazi yangu yoyote, huku kidole changu kimebanwa.

"Huyo ni mgonjwa wa stroke," akasema.

"Ndiyo."

"Basi unakosea. Hawapumui hivyo. Upande mmoja wa mdomo umekufa, hewa inatorokea hapo. Skiza." Akalegeza shavu lake la kulia, akapumua. Kisha akarudisha uso wake, akasema hewa yangu mwilini iko sawa, akaenda kulala.

Nikaanza upya na shavu limelegea.

Kipande cha mwisho kiko hivi. Binti nesi anaingia asubuhi, anafungua pazia. Kwa Kijerumani anasema habari ya asubuhi. Kwetu, kwa vyovyote, anasema, "Shikamoo, bibi." Na Bi Irmtraud, polepole sana, anageuzia uso dirishani. Anatupa mgongo.

Kila mwindaji ana siku yake. Miaka kumi na tisa nilikuwa naziombea nafasi kama zile. Mdomo hauonekani. Binti wa watu ameamkia, amesimama na pazia mkononi. Neno lenyewe lilikuwa tayari kwenye ulimi wangu, dogo, la haki, na hakuna ambaye angenilaumu. Nikiwa peke yangu gizani katikati ya magauni ya harusi, nikamwona Bwana Makame akikunja kofia yake mara nne. Nikatazama shingo.

Nilimpumulia tu. Ndani, nje, hewa ikitorokea upande mmoja. Shikamoo ikabaki hewani. Halafu ndani, na basi.

Nilivua hedfoni, nikafungua mlango wa kabati, nikapika ndizi. Wiki ile ile nikamwambia Papa Dido nimemaliza.

Bi Irmtraud sijui kama yu hai. Akiwa hai hajui kwamba kuna mwanamke Agincourt aliyefanana naye kwa pumzi peke yake. Sikumwandikia kamwe. Ningeanzaje? Mpendwa mama, kuhusu ule msonyo.

Filamu iliporushwa nilijiandaa kulaumiwa kwa ile shikamoo. Dada yangu alilaumu kweli, tena kwa simu mbili. Siku iliyofuata Mama Wanjiku akaja, sufuria mkononi, macho mekundu, hakuingia ndani. Alisimama mlangoni na kuniambia maneno haya, nami nayaandika kama yalivyo, kwa sababu ndiyo cheti pekee nilichopewa baada ya kile cha kidato cha nne:

"Mama Sakina, miaka yote umepiga kelele kwa huu ukuta na sijawahi skia kitu ya maana. Siku umenyamaza ndio nimelia. Si ungenyamaza mapema?"